Panzi Mlangoni mwa Mama Njano

Katika historia yote ya shule ile, Kiberiti ndiye mwanafunzi pekee aliyewahi kuadhibiwa kwa kosa la kuwafundisha watu heshima.

Ilikuwa hivi. Mafundi walikuja kumwaga zege nyuma ya maabara, ili paradi ya asubuhi isifanyikie tena matopeni. Kiberiti akawaendea, mikono nyuma, uso umejaa huzuni ya kitaifa, akawaeleza kwamba shuleni hapo kengele ya mapumziko ikigongwa, kila mtu, awe mwalimu, mpishi au mgeni, husimama wima na kuweka mkono wa kulia kichwani ili kumkumbuka mwanzilishi wa shule. Mafundi ni watu waungwana. Kengele ilipogongwa waliweka chini mabeleshi, wakasimama, mikono vichwani. Fundi Mkuu, mtu mzima mwenye wajukuu, alisimama hivyo mbele ya madirisha ya kidato cha kwanza chote, mpaka mwalimu wa taaluma alipopita na kumuuliza kwa upole kama kichwa kinamuuma.

Adhabu ilisomwa paradini. Kila asubuhi, wenzake wakijisomea darasani, Kiberiti aokote taka nyuma ya maabara mpaka mwezi uishe. Kulikuwa na walimu waliotaka arudishwe nyumbani moja kwa moja, na wangeshinda kama mwalimu wa biolojia asingemtetea. Mwalimu wa biolojia alikuwa mama yake mdogo, tumbo moja na mama yake. Shuleni Kiberiti alitakiwa kumwita Mwalimu, nyumbani Mama Mdogo, na njiani kati ya shule na nyumbani hakumwita chochote, asije akakosea.

Sasa, nyuma ya maabara hiyo hiyo, pale bomba la maji linapopinda, palikuwa na kona ya udongo mkavu usioota hata jani. Mtu mwingine angeona kona ya bure. Mama mdogo aliona mji. Nyigu walichimba pale, na si wale nyigu wa darini wanaokaa ukoo mzima nyumba moja na kumvamia mtu kwa kundi. Hawa kila mmoja alikuwa na shimo lake na shida zake. Kila mama alijichimbia mwenyewe, akawinda mwenyewe, akatia ndani chakula cha mtoto ambaye hatamwona, akataga yai, akafukia mlango, akaondoka. Mama mdogo alikuwa amewachunguza kwa misimu miwili, amechuchumaa na kofia yake pana, hadi wapishi wakaamini kwamba alidondosha hereni pale na ameshindwa kukata tamaa. Alikuwa amewatia nyigu wake alama mgongoni kwa rangi ya kucha. Palikuwa na Mama Mwekundu, Mama Mweupe, na mchapakazi kuliko wote, Mama Njano.

Watoto wa nyigu hao walikuwa wamelala chini ya udongo ule, wakingoja msimu ujao watoke. Na shahada ya mama mdogo ilikuwa imelala humo humo pamoja nao.

Asubuhi moja, mama mdogo alimkamata Kiberiti mkono nje ya ukumbi wa mitihani. Kidato cha nne walikuwa wanaanza mtihani wa majaribio, na yeye alikuwa msimamizi. Bahasha za maswali alikuwa amezikumbatia kifuani.

"Sikiliza. Mkuu wa shule amekubali kona yangu isiguswe. Amesafiri, na mimi nikiingia humu sitoki. Nenda kamwambie Fundi, sasa hivi. Wamefika karibu."

"Sawa, Mwalimu."

"Na usitie chumvi. Maneno hayo hayo, mdomo huo huo, uso wa kawaida. Unao uso wa kawaida?"

"Ninao, Mwalimu. Nautumia Jumapili."

Mama mdogo hakucheka. Alimtazama kama mtu anayekabidhi funguo za nyumba kwa mtoto anayejulikana kupoteza viatu. Kisha akaingia, na mlango ukafungwa. Sheria ya ukumbi ule ilikuwa ngumu kuliko mlango wenyewe: mtihani ukishaanza, msimamizi hatoki na mtu haingii, mpaka karatasi zikusanywe na kengele igongwe.

Kiberiti alikwenda mbio. Mashine ya zege ilikuwa inanguruma, matoroli yanapishana, na ile sakafu mpya ya kijivu ilikuwa imetambaa tangu ukutani hadi karibu kabisa na lile bomba. Fundi Mkuu alikuwa amechutama, pima maji mkononi, jicho moja amelifumba.

"Shikamoo, Fundi."

"Marahaba." Fundi hakuinua kichwa. "Kengele imegongwa? Tusimame?"

Mafundi wakacheka. Aliyecheka zaidi ni kijana mmoja mrefu wa kupindukia, ambaye wenzake walimwita Mlingoti, na ambaye siku ile ya mkono kichwani ndiye aliyeonekana vizuri zaidi kutoka madirishani.

"Hapana, Fundi. Nimetumwa. Mkuu wa shule amesema ile kona msiimwagie zege. Kuna nyigu wa utafiti."

"Mkuu amekwambia wewe?"

"Amemwambia mwalimu wa biolojia, mwalimu akaniambia mimi."

"Ahaa." Fundi alifumbua jicho. "Na marehemu mwanzilishi, naye amesema nini kuhusu nyigu?"

Mlingoti alilazimika kuegemea beleshi.

"Fundi, ile ilikuwa utani. Hii ni kweli. Naapa."

"Usiape, binti, utaunguza bweni. Sura hii hii ndiyo uliyokuja nayo siku ile. Ungekuja na nyingine kidogo, labda."

Kiberiti alijaribu kutafuta sura nyingine. Aligundua jambo la kutisha: hakuwa nayo. Uso wake wa kusema kweli na uso wake wa kusema uongo ulikuwa mmoja, aliutengeneza kwa bidii miaka mingi, na sasa hakuna aliyeweza kuutofautisha, hata mwenyewe.

Alirudi ukumbini mbio. Mwalimu wa taaluma alikuwa kwenye kiti nje ya mlango, amekunja mikono. Kabla Kiberiti hajafungua mdomo, mwalimu aliweka kidole midomoni, kisha kwa kidole hicho hicho akaonyesha kikapu cha taka. Kiberiti alinong'ona kwamba ni dharura. Mwalimu alinong'ona kwamba dharura ya mwisho aliyoletewa na Kiberiti ilikuwa simba nyuma ya stoo. Mazungumzo yakaishia hapo.

Aliporudi, toroli lilikuwa njiani kuelekea konani.

Kiberiti aliruka ubao uliopigiliwa pembeni mwa sakafu, akasimama upande wa pili, katikati ya mashimo, mikono ameitandaza kama golikipa. Mlingoti alisimamisha toroli. Zege lilitikisika, zito, likatoa sauti ya uji mzito.

"Toka hapo, dada. Hili likiganda mguuni utapandishwa darasa ukiwa umesimama."

"Sitoki."

"Fundi," Mlingoti aliita, "mwanafunzi wako huyu."

Fundi Mkuu alikuja taratibu, akipangusa mikono kwa tambara. Kabla hajasema neno, kitu kikasogea chini, kati ya viatu vyake na vya Kiberiti. Ni Mama Njano. Alikuwa anatembea mara kinyumenyume, mara mbele, anavuta, anapumzika, anavuta tena. Alikuwa amempanda panzi mkubwa kuliko yeye, amemshika vipapasio vya kichwani kwa meno kama mtu aliyeshika hatamu, na anamburuta juu ya vichuguu na majani makavu bila kumtazama mtu.

Fundi alinyanyua mkono. Hata mashine ya zege ikazimwa.

"Huyu naye anapeleka wapi nyama?" aliuliza.

"Nyumbani kwake. Pale." Kiberiti alionyesha tundu dogo lisilopita kidole. "Si nyama, Fundi, mzima bado. Amemchoma sindano, amepooza tu. Mtoto atamla akiwa hai, ili asioze."

"Astaghafiru," alisema Mlingoti, akavua kofia.

Fundi alichuchumaa. Alikitazama kile kiumbe kidogo chenye doa la njano mgongoni kwa muda, akapapasa ndevu, kisha akasema kwa sauti ya hakimu:

"Haya. Sisi si makatili. Mama huyu aingize mzigo wake. Akishafunga mlango, tunamwaga. Umesikia, binti? Akishafunga mlango."

Kiberiti alikubali kwa kichwa. Alisikiliza upande wa ukumbi. Kimya. Kidato cha nne walikuwa wanaandika, na walikuwa na mengi ya kuandika.

Hapa inabidi ielezwe siri moja ya Mama Njano, ambayo Kiberiti aliigundua mwenyewe, kwa njia zake, siku aliyokuwa anaokota maganda ya pipi. Nyigu huyu alikuwa na utaratibu, na aliufuata kama shule ya bweni inavyofuata ratiba. Akimfikisha panzi mlangoni, humlaza kizingitini, vipapasio vikielekea tundu. Kisha huingia ndani peke yake kukagua chumba. Akiridhika hutoa kichwa tu, humshika panzi vipapasio, humvuta ndani. Lakini kama panzi amesogea akiwa chini, hata kwa upana wa vidole viwili, basi kila kitu huanza upya. Atatoka, atamtafuta, atamrudisha kizingitini, na ataingia tena kukagua chumba kile kile alichokikagua sasa hivi. Kiberiti alikuwa amewahi kumfanyia hivyo mpaka mama mdogo alipomkuta na kumwambia maneno ambayo walimu hawaruhusiwi kuwaambia wanafunzi, ila mama wadogo wanaruhusiwa.

Mama Njano alimlaza panzi. Akaingia.

Kiberiti alikuwa ameshakaa juu ya ule ubao, unyasi mkavu mkononi, kama mtu anayechezea tu unyasi. Alikohoa. Mlingoti alipomtazama yeye usoni, unyasi ulimsukuma panzi pembeni.

Mama Njano akatoka. Akasimama. Ungesema anajiuliza ameacha wapi miwani. Akamwona panzi, akamrudisha, akamlaza vizuri, akaingia tena.

"Amesahau nini?" aliuliza Mlingoti.

"Anakagua chumba," alisema Kiberiti. "Ni mama msafi."

Unyasi ukasukuma tena.

Basi ikawa hivyo. Mama Njano anatoka, anamkosa panzi, anamrudisha, anaingia. Anatoka, anamkosa, anamrudisha. Kila mara Kiberiti alikuwa na kikohozi, au swali la haraka, au kidole kinachoonyesha ndege. Kwa mara ya kwanza maishani alikuwa anafanya mzaha bila kuuonea raha hata chembe. Aliogopa kwamba safari moja unyasi utamgusa nyigu badala ya panzi, au Fundi atageuka wakati usiofaa.

"Zege linakaza, Fundi," alisema mmoja wa wale wa matoroli.

"Hilo kalimwageni kule ukutani. Changanyeni jingine." Fundi hakuondoa macho kwenye tundu. "Mama huyu ana mambo. Mke wangu ndivyo alivyo tukisafiri. Anarudi kuangalia jiko, anarudi kuangalia jiko."

"Na basi linawaacha?" aliuliza Mlingoti.

"Basi linatuacha kila mwaka."

Wakacheka, na kicheko hicho kikampa Kiberiti nafasi ya kusukuma tena. Ukumbini bado kimya. Alijaribu kukisia mtihani umefika wapi. Alimwona mama mdogo akilini, anatembea kati ya madawati kwa viatu vyake visivyolia, anaamini kwamba ujumbe umefika.

Ndipo nzi akaja.

Alikuwa nzi mdogo wa kijivu, hana makuu, wa aina ambayo mtu humfukuza bila kumtazama. Alitua juu ya kijiwe, mbele ya tundu, akaelekeza uso kwa panzi. Hakufanya kitu kingine chochote. Alingoja tu.

Kiberiti alimfahamu. Mama mdogo alikuwa amewafundisha darasani kwamba nzi huyu hachimbi wala hawindi. Yeye husubiri mama nyigu ashuke kukagua, panzi akibaki nje peke yake, kisha hupita juu yake na kudondosha mabuu yake madogo, tayari hai. Mama nyigu hatambui. Humwingiza panzi na wageni wake. Huko chini mabuu ya nzi hula kila kitu, na mtoto wa nyigu, akitoka kwenye yai lake, huwa amechelewa. Ndiyo maana, mama mdogo alisema, kinachomwokoa nyigu pale mlangoni ni wepesi. Aingie, atoke, avute.

Na mtu aliyemnyima Mama Njano wepesi alikuwa amekaa juu ya ubao na unyasi.

Mama Njano alikuwa ametoka, amemrudisha panzi, amemlaza. Aliingia. Nzi akanyanyuka, akaning'inia hewani.

Kiberiti angeweza kupunga mkono amfukuze. Mafundi wangeuona unyasi, wangeelewa yote, na toroli lingeletwa. Angeweza kumwacha panzi alipo, mama amvute ndani mara moja, afunge mlango wake, na baada ya hapo zege lishuke juu yake, juu ya Mama Mwekundu na Mama Mweupe, juu ya kila mtoto aliyelala kona ile. Au angeweza kusukuma.

Alifikiria kwa muda wa pumzi moja. Si muda wa kutosha kwa jambo lolote.

Akasukuma.

Nzi alishuka juu ya panzi kama anayebusu, akaondoka. Hakurudi. Alikuwa amemaliza.

Mama Njano alitoka, akamkuta panzi amesogea. Lakini safari hii, sijui alichoka, sijui alikasirika, sijui mambo ya wasiosema tutayajulia wapi, hakumlaza. Alimshika vipapasio na kumburuta moja kwa moja hadi tunduni, akaingia kinyumenyume, na panzi akamfuata, kichwa, kifua, miguu mirefu ya nyuma ikakunjika, akapotea. Unyasi wa Kiberiti ulibaki hewani hauna kazi.

"Ameingia," alisema Mlingoti, kama mtu anayetangaza goli.

"Hajafunga," alisema Kiberiti. "Fundi ulisema akishafunga mlango."

"Nilisema," alikubali Fundi.

Wakangoja. Chini huko Mama Njano alikuwa anataga yai lake, kwa uangalifu wote, mahali pale pale palipo sahihi. Alipotoka alianza kufukia. Alipiga teke udongo kwa miguu ya mbele ukaruka nyuma kati ya miguu mingine. Akaingiza kichwa na kushindilia, akitetemeka mwili mzima, na mlio mwembamba ukasikika. Akafukia tena. Kisha akatafuta kijiwe. Alikitupa cha kwanza, akachagua cha pili, akakishika kwa meno na kuanza kugonga udongo juu ya mlango, tak tak tak, kama kuna mtu amemwambia kazi yake itapimwa na pima maji.

"Huyu nampa ajira leo leo," alisema Fundi kwa sauti ya chini.

Hakuna aliyecheka. Wanaume wazima walikuwa wamechuchumaa, pumzi wamezishika. Kiberiti peke yake hakutazama kijiwe. Alisikiliza ukumbi, na ukumbi haukusema kitu.

Mama Njano aliangusha kijiwe. Aliburuta jani dogo kavu hadi pale, akaliacha. Mlango haukuonekana tena.

Fundi aliinuka, magoti yakamlia. "Haya. Mama amefunga. Leteni."

Toroli lilikuja. Kiberiti hakuruka wala hakutandaza mikono. Alikaa chini, kwenye vumbi, kati ya mashimo, akaikunja miguu.

"Fundi, sina cha kukuonyesha," alisema. "Sina karatasi, sina shahidi. Nimekudanganya siku ile na leo sikudanganyi, na najua hakuna tofauti ukinitazama. Ila hapa nilipokaa kuna watoto chini. Ukimwaga, utamwaga juu yangu."

Fundi alimtazama. Kisha akamwashiria Mlingoti kwa kidevu. Mlingoti alinyanyua mikono ya toroli, na zege likashuka, zito, la kijivu, likatambaa kuja kwa Kiberiti. Yeye alifumba macho.

Halikumfika. Aliposikia kimya alifumbua. Zege lilikuwa limejaa hadi kwenye ule ubao aliokuwa ameukalia asubuhi nzima, likakomea hapo.

Fundi aliugonga ubao kwa ncha ya kiatu. "Ubao huu uliudhani ni benchi? Zege huishia penye ubao, binti. Tumeupigilia jana jioni, Mkuu alipopiga simu kusema kona iachwe." Akakohoa kidogo. Halafu, polepole, kwa heshima zote, akaweka mkono wa kulia kichwani. Mlingoti akaweka wa kwake. Na wa matoroli, na wa mashine, wote, wima, nyuso zimejaa huzuni ya kitaifa, mpaka mmoja akashindwa kujizuia na wote wakaangua kicheko.

Kilikuwa kisasi kizuri. Kiberiti, kama mtaalamu, alikiona uzuri wake wote: jinsi kilivyopangwa, jinsi kilivyosubiri. Siku nyingine angempa Fundi mkono.

"Uliniona nikimsogeza panzi?" aliuliza.

"Tangu mara ya pili." Fundi alikuwa anafuta machozi ya kicheko kwa mkono wa kushoto. "Unakohoa vibaya. Nikasema ngoja nione atafika wapi."

"Nzi alitua, Fundi."

"Nzi gani?"

Akamweleza. Hakutia chumvi, haikuhitaji. Alipofika kwenye mabuu yanayokula kabla yai halijapasuka, kicheko cha mafundi kilikuwa kimekatika kimoja kimoja, na Mlingoti alikuwa analitazama lile jani dogo kavu juu ya mlango uliofungwa vizuri.

"Kwa hiyo kazi yote ile," alisema Mlingoti.

"Yote."

Fundi alishusha mkono kichwani kama aliyesahau ulikuwa pale. "Ungeacha kusukuma," alisema, "mimi nisingemwaga. Nilikuwa nakutania tu."

"Najua sasa."

Kengele ikagongwa. Muda si mrefu mama mdogo akatokea kwenye pembe ya maabara, nusu anatembea nusu anakimbia, kofia mkononi. Aliona ubao, akaona zege limekomea hapo, akapunguza mwendo na kushusha pumzi ndefu.

"Kumbe ulimwambia vizuri," alimwambia Kiberiti.

Hapo palikuwa na njia pana ya kupita, laini, imepambwa. Kusema ndiyo tu. Nyigu hasemi, nzi ameondoka, na chini ya udongo hakuna anayechungulia.

"Mama Mdogo," alisema Kiberiti, mbele ya watu, saa za shule, "Mama Njano ametaga kwenye panzi mwenye nzi. Nilimchelewesha mimi. Nilimsogeza panzi mara nyingi."

"Nilimwachia nikimwona," alisema Fundi. "Ni mimi niliyeanza, Mwalimu."

"Ni mimi niliyeanza. Yeye alikuwa analipiza."

"Binti, mimi ni mtu mzima, niache nikosee."

Mama mdogo aliwatazama wote wawili, akachuchumaa penye lile jani kavu. Kiberiti alisubiri yale maneno ya mama wadogo. Hayakuja, na hilo lilimuuma zaidi.

"Hatuwezi kumfungulia?" aliuliza Mlingoti. "Tumtoe huyo mgeni?"

"Ukifungua unaua na yai la nyigu. Na yeye harudi tena hapo. Kwake amemaliza." Mama mdogo alishika udongo kwa kiganja, hakuukwangua. "Yuko wapi sasa?"

Hakuna aliyekuwa amemwangalia. Walimtafuta wote, watu wazima na mwanafunzi, wameinama. Kiberiti ndiye aliyemwona, na alipomwona alitamani asimwone. Mama Njano alikuwa upande wa pili wa ubao, ule wa kumwagwa zege, pembeni pale ambapo zege lenyewe halijafika, kwenye kipande cha udongo kilichongoja toroli linalofuata. Alikuwa ameshaanza. Shimo lilikuwa dogo bado, la kuingia kichwa tu, na alikuwa anapiga udongo nyuma kwa bidii ya mtu mwenye siku njema.

Mafundi walimtazama Fundi. Zege la mashine lilikuwa tayari.

"Fundi," alianza Kiberiti. Hakuwa na haki ya kuomba kitu.

Fundi alipima kwa macho tangu bombani hadi ukutani. Alikuwa mtu wa mistari iliyonyooka, na uwanja ule ulikuwa umenyooka kuliko yote aliyowahi kumwaga.

"Mkuu atasema nimelewa," alisema. "Uwanja umepinda."

"Nitamweleza mimi," alisema mama mdogo.

"Eleza tu wewe. Huyu asinisaidie." Akamwonyesha Kiberiti kwa kidole gumba, bila kumtazama. "Mlingoti, lete nyundo. Toeni misumari, ubao uingie ndani mkono mmoja. Taratibu, msitetemeshe."

Akaenda mwenyewe kushika ncha ya ubao, mguu mmoja karibu kabisa na lile shimo jipya. Udongo mkavu ukaanza kurushwa juu ya kiatu chake, punje kwa punje. Fundi hakuusogeza mguu.